Aliyetia mahadhi naye atajwe

Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua. Magazeti yetu na vipindi vya redio vya nyimbo za zamani za Kihindi vina mazoea ya kuutaja wimbo kwa jina la mwigizaji. Tunaambiwa huu ni wimbo wa Dilip Kumar, au huu ni wa Nargis, ilhali hao walifungua midomo tu mbele ya kamera. Mtangazaji anayejitahidi zaidi atamtaja mwimbaji mwenyewe, Lata Mangeshkar au Mohammed Rafi, kisha ataishia hapo. Aliyetunga mahadhi, akachagua ala, akakesha na mshairi na akamfundisha mwimbaji kila kona ya sauti, hasikiki popote.

Kwa watu wa pwani kosa hili ni zito zaidi, kwa sababu mahadhi hayohayo yamo ndani ya taarab yetu. Marehemu Mohamed Khamis Juma Bhalo wa Mombasa alijulikana mno kwa kuyavika mahadhi ya Kihindi mashairi ya Kiswahili. Mpenzi wa nyimbo za Bhalo anazijua beti zote kwa moyo. Muulize mahadhi yametoka kwa nani, atakutajia jina la sinema.

Nitamtolea mfano mtunzi mmoja, Naushad Ali, kwa kuwa kazi yake inaonyesha wazi mtunzi wa muziki wa filamu hufanya nini hasa.

Alizaliwa Lucknow tarehe 25 Desemba 1919. Baba yake alikuwa karani wa mahakama na hakutaka kusikia habari za muziki nyumbani kwake. Kijana alijifunza kwa maustadhi wa mjini, akawa anatengeneza hamoniamu mbovu, na akasikiliza wapigaji waliokuwa wakisindikiza filamu zisizo na sauti. Mwaka 1937 alikwenda Bombay, akaanza kama mpiga piano katika okestra za studio, kisha akawa msaidizi wa Khemchand Prakash, ambaye daima alimwita mwalimu wake. Filamu yake ya kwanza kusimamia mwenyewe ni Prem Nagar ya 1940. Katika Sharda ya 1942 alimpa Suraiya, binti wa miaka 13 hivi, aimbe kwa niaba ya mwigizaji mtu mzima, na watazamaji wakakubali. Rattan ya 1944 ndiyo iliyompandisha: baada yake alilipwa rupia 25,000 kwa filamu moja. Naushad mwenyewe alisimulia kwamba siku ya harusi yake bendi ilikuwa ikipiga nyimbo za Rattan, na wakwe hawakujua kwamba mwenye nyimbo ndiye bwana harusi. Wao walikuwa wameambiwa kwamba mkwe wao ni fundi cherehani.

Sasa nije kwenye kazi yenyewe. Katika taarab yetu shairi huja kwanza, na mizani zake ndizo zinazomwongoza mtia mahadhi. Katika filamu za Bombay mara nyingi ilikuwa kinyume. Mwongozaji hueleza tukio, mtunzi huketi na hamoniamu na kutoa mahadhi ya kiitikio, kisha mshairi hujaza maneno yanayoenea humo, silabi kwa noti. Mshairi wa Naushad kwa zaidi ya miaka 20 alikuwa Shakeel Badayuni. Wawili hao walifunga mlango usiku mzima kwa ajili ya wimbo wa filamu ya Mughal-e-Azam ambao kijakazi anaimba mbele ya mfalme kwamba aliyependa haogopi. Shakeel alileta maneno baada ya maneno, Naushad akayakataa, hadi alipokumbuka wimbo wa kienyeji wa mashariki ya Uttar Pradesh, na mstari ukapatikana kutoka humo.

Hapa ndipo watiaji wa maneno ya Kiswahili wanapokwama. Mstari wa Kihindi mara nyingi huishia kwenye irabu ndefu, na mtunzi huiegemeza noti ndefu juu yake. Neno la Kiswahili lina mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho. Ukilivuta neno "moyo" kwa kufuata noti ya Kihindi bila kurekebisha, msikilizaji anasikia "moyooo", na mkazo wa "mo" umekwisha kupotea. Dawa yake ni kuihamisha noti ndefu irudi silabi moja nyuma, na ile ya mwisho kuigusa tu. Bhalo alilijua hilo, wengi waliomfuata hawakulijua.

Kisha kuna raga, yaani mpangilio maalumu wa sauti ambao wimbo wa jadi wa Kihindi hujengwa juu yake. Filamu ya Baiju Bawra ya 1952, iliyoongozwa na Vijay Bhatt, inahusu waimbaji wa zama za mfalme Akbar. Naushad alishikilia kwamba nyimbo zake zisimame juu ya raga za kweli, na kwa tukio la mashindano aliwaleta Ustad Amir Khan na D.V. Paluskar, waimbaji wakubwa wa muziki wa jadi, wapambane kwa raga ya Desi. Wimbo wa dua ambao Rafi anamwomba Mungu ajionyeshe uko katika raga ya Malkauns. Dua hiyo ni ya Kihindu, na mtunzi, mshairi na mwimbaji wote watatu walikuwa Waislamu. Jambo hilo lilisemwa sana India, na linastahili kusemwa.

Malkauns ina sauti tano tu. Kama sauti ya msingi umeiweka kwenye Do, unapata Do, Mi iliyoshushwa nusu, Fa, La iliyoshushwa nusu na Si iliyoshushwa nusu. Re haimo, na Sol haimo. Hii ya Sol ndiyo inayowaponza wapigaji wetu. Tanpura, ile ala ya nyuzi nne inayovuma nyuma ya mwimbaji, kwa kawaida uzi wake wa kwanza hufungwa kwenye Sol. Kwa Malkauns lazima ushushwe hadi Fa, la sivyo mvumo wake unagombana na mwimbaji kutoka mwanzo hadi mwisho. Mpiga kinanda wa taarab ya leo akisikia wimbo huu hudhani ni maina (minor) ya kawaida ya Kizungu, basi mkono wa kushoto unabonyeza Do, Mi ya kushuka na Sol kwa pamoja. Mkono wa kulia unapiga mahadhi sawasawa, mkono wa kushoto unaibomoa raga, na watu wanabaki wakishangaa kwa nini wimbo umepoa. Aiache Sol kabisa na kuweka Fa mahali pake. Atasikia tofauti papo hapo.

Wimbo mwingine wa filamu hiyo, ule wa Rafi na Lata wa mtoni, uko katika raga ya Bhairavi. Huo mpiga udi wetu anauingia kwa wepesi kwa sababu ngazi yake ya sauti ni ileile ya Kurd, mojawapo ya maqam, yaani ngazi za sauti za Kiarabu. Lakini asijiamini mno. Bhairavi katika nyimbo nyepesi huruhusu kugusa sauti zilizo nje ya ngazi, na utamu mwingi umo katika miguso hiyo. Anayepiga Kurd tupu atakuwa sahihi, ila wimbo utakuwa mkavu. Kwa wimbo huo Naushad alipata tuzo ya Filmfare, tuzo ya filamu za Kihindi, ya mtunzi bora ilipotolewa kwa mara ya kwanza mwaka 1954. Hakuipata tena maisha yake yote. Hata Mughal-e-Azam haikumpa, mwaka ule ilikwenda kwa watunzi wawili, Shankar-Jaikishan.

Katika Kohinoor ya 1960 kuna wimbo wa raga ya Hamir uliofungwa kwenye tala, yaani mzunguko wa mapigo, ya mapigo 16, teentaal, yaani mafungu manne ya mapigo manne. Tabla, zile ngoma mbili ndogo za Kihindi, husema: dha dhin dhin dha, dha dhin dhin dha, dha tin tin ta, ta dhin dhin dha. Tazama fungu la tatu, baada ya pigo lake la kwanza ngoma nzito ya kushoto imenyamaza. Unyamavu huo ndio unaomwonyesha mwimbaji yuko wapi katika mzunguko. Dumbaki likipigwa sawasawa mafungu yote manne, mwimbaji anayerudi kutoka kwenye mapambo ya sauti hana pa kushika, na ndiyo maana unasikia watu wakiingia kiitikio kabla ya wakati au baada yake.

Kurekodi nako kulikuwa shughuli. Miaka ile okestra nzima na mwimbaji waliingia pamoja, maikrofoni chache sana, na santuri ya inchi 10 ilibeba dakika tatu na kidogo kwa upande. Hakukuwa na kupunguza sauti ya tarumbeta baadaye kwa kitufe. Unamsogeza mpigaji nyuma, wa filimbi unamleta mbele, na kila mmoja anajua hatua zake. Fidla moja ikikosea dakika ya tatu, wote wanaanza upya. Msimu wa mvua wa Bombay hulegeza ngozi ya tabla, na nyundo ndogo ya kuikaza haikai mbali na mkono wa mpigaji, maana tabla iliyoshuka robo ya sauti inamtoa mwimbaji kwenye msingi wake bila yeye kujua. Naushad alikuwa miongoni mwa wa kwanza kurekodi sauti ya mwimbaji na ala kwenye njia tofauti, na kwa filamu ya Aan ya 1952 alikusanya wapigaji 100. Alipenda kuziunganisha ala ambazo wengine hawakuzikutanisha: filimbi na klarineti, sitari na mandolini. Kisha katika Uran Khatola ya 1955 akageuka kabisa na kurekodi wimbo bila ala hata moja, kwaya ikivuma kwa midomo iliyofumbwa.

Mughal-e-Azam ya mwongozaji K. Asif, iliyotoka Agosti 1960, ndiyo iliyobeba yote haya. Kwa wimbo wa Rafi wa kusifu mapenzi aliweka kwaya ya watu 100. Kwa ule wa kijakazi, kwenye ukumbi wa vioo, alihitaji mwangwi, na vyombo vya kutengeneza mwangwi havikuwepo, hivyo inaelezwa kwamba Lata aliimbishwa kwenye bafu la studio ili vigae virudishe sauti. Sikilizeni tena wimbo huo kwa makini: sauti inarudi kama inatoka kuta zote, na hapo kwenye picha ndipo mfalme anapomwona kijakazi katika kila kipande cha kioo juu ya dari. Kwa sauti ya Tansen, mwimbaji wa mfalme Akbar, alimtaka Bade Ghulam Ali Khan, aliyekuwa hataki kuimba katika filamu. Khan Saheb akataja rupia 25,000 kwa kila wimbo, wakati waimbaji wakubwa wa filamu walikuwa hawazidi rupia 500, akitumaini kwamba watakata tamaa na kuondoka. Asif alikubali palepale.

Mother India ya 1957, ambayo wazee wa pwani wanaijua vizuri, ni mikono yake pia. Humo Naushad alichota sana mahadhi ya vijijini, na Shamshad Begum akapewa nyimbo kwa sababu sauti yake nzito, ya wazi, iliwafaa wanawake wa shambani kuliko sauti nyembamba. Gunga Jumna ya 1961 iliendelea na njia hiyo.

Baada ya katikati ya miaka ya 1960 ladha ilihama, na kazi yake ikapungua. Alipewa tuzo ya Dadasaheb Phalke, tuzo kuu ya filamu nchini India, ya 1981. Alitunga kwa filamu zisizofika 70 katika miaka zaidi ya 60, idadi ndogo kwa mtunzi wa Bombay, kwa kuwa hakupokea kazi nyingi kwa mkupuo. Alifariki Mumbai, ndiyo Bombay ya zamani, tarehe 5 Mei 2006.

Ombi langu kwako, Mhariri, na kwa watangazaji, ni hili: mkiandika habari ya wimbo wa filamu, tajeni filamu na mwaka, mtunzi wa muziki, mshairi, mwimbaji, na mwigizaji awe wa mwisho. Yote hayo yameandikwa kwenye majina ya mwanzo wa filamu, na jina la mtunzi wa muziki kwa kawaida huja karibu na mwisho wa orodha hiyo, kabla ya mwongozaji. Santuri za kale zisitegemewe peke yake. Wimbo maarufu wa filamu ya Mahal ya 1949 ulitolewa kwa jina la Kamini, ambaye ni mhusika wa hadithi, na aliyeuimba ni Lata. Wala kila wimbo wa zamani msimpe Naushad. Filamu ya Awara ni ya Shankar-Jaikishan.

Kosa linalorudiwa mno ni la kumpa Naushad nyimbo za Pakeezah ya 1972. Filamu ilichukua miaka mingi, na mtunzi wake, Ghulam Mohammed, aliyewahi kuwa msaidizi wa Naushad, alifariki mwaka 1968 kabla haijakamilika. Naushad alimalizia kwa kutengeneza muziki unaosindikiza picha na nyimbo chache zinazosikika kwa mbali. Nyimbo zinazopigwa redioni, zile za Lata ambazo Meena Kumari anazicheza, ni za Ghulam Mohammed. Tuzo ya Filmfare ya muziki ilipompita, ikapewa filamu ya Be-Imaan, mwigizaji Pran aliyekuwa ameshinda tuzo yake mwenyewe kwa filamu hiyohiyo ya Be-Imaan alikataa kuipokea, akisema haki ilikuwa ya Pakeezah. Basi nyimbo hizo zikipigwa tena redioni, jina la kutangaza ni Ghulam Mohammed.

Mpenzi wa taarab na nyimbo za Kihindi,
Mombasa