Uti possidetis haisemi aliyekalia ndiye mwenyewe

Mhariri,

Kila mjadala wa mpaka wa Tanzania na Malawi katika Ziwa Nyasa unapozuka, maneno ya Kilatini uti possidetis hutajwa kana kwamba yanampa maji yule anayeyatumia. Naomba nafasi nisahihishe.

Maana yake ni "kama mnavyoshikilia". Yametoka katika amri ya hakimu wa Roma ya kale: wawili wakigombea shamba au nyumba, aliyeishika aendelee kuishika, mradi hakuipata kwa mpinzani wake kwa nguvu, kwa kificho wala kwa kuazimwa. Mwenye mali ni nani, hilo lilisubiri kesi nyingine. Katika vita, kwa kanuni hiyohiyo, mkataba wa amani ukinyamaza, kila upande hubaki na ulichoteka. Kinyume chake ni status quo ante bellum, yaani kurudia hali ya kabla ya vita, kama Mkataba wa Ghent wa 1814, ambapo Uingereza na Marekani zilikubaliana kurudishiana maeneo.

Afrika maneno haya yanahusu mstari wa mpaka, si mkaaji. Azimio la Cairo la Julai 1964, la Umoja wa Nchi Huru za Afrika (OAU), liliahidi kuheshimu mipaka iliyokuwapo nchi zilipopata uhuru, bila kutaja Kilatini chochote. Mahakama ya Kimataifa ya Haki ndiyo iliyoliunganisha na uti possidetis, tarehe 22 Desemba 1986, katika kesi ya Burkina Faso na Mali.

Hukumu hiyo inaonyesha namna kanuni hii inavyofanya kazi. Kwanza hutazamwa siku ya uhuru, kisha hati ya siku hiyo: mkataba, sheria au amri ya utawala. Ramani peke yake si hati, isipokuwa imeambatishwa kwenye hati rasmi. Matendo ya utawala, kama kukusanya kodi, husaidia pale hati ilipokosekana au ilipo na utata. Yakipingana nayo, hati hushinda. Wengi hukosea hapa.

Malawi inashika mkataba wa Uingereza na Ujerumani wa 1 Julai 1890, uliopitisha mpaka kwenye ufukwe wa mashariki. Tanzania inadai katikati ya ziwa. Mkataba huohuo, kifungu cha 6, uliruhusu mistari irekebishwe kwa makubaliano kulingana na mahitaji ya mahali. Anayetaka kuitetea Tanzania atafute kama marekebisho hayo yalifanyika, katika kumbukumbu za wakoloni kabla ya uhuru wa Tanganyika, 9 Desemba 1961, badala ya kuhesabu mitumbwi inayovua leo Mbamba Bay.

Msomaji wenu