Baba, huku nako kuna kota za reli

Shikamoo baba, shikamoo mama. Natumaini dogo anawasomea hii akiwa ametulia maana imekuwa ndefu. Sisi wazima, watoto wanaendelea na shule, baridi bado haijachanganya.

Baba uliuliza kwenye simu nimehamia wapi, laini ikakata. Nimehamia Pullman, kusini kabisa mwa Chicago, na mtaa huu ungeuelewa siku ya kwanza tu kwa sababu hizi ni kota. Za kampuni ya George Pullman, ile iliyokuwa inatengeneza mabehewa ya kulala. Alianza kujenga 1880, wakati huo huku ni nje ya mji, akaweka kiwanda, soko, hoteli aliyoipa jina la binti yake Florence, na nyumba za matofali zimeshikana safu kwa safu, udongo wake umechimbwa hapo jirani Ziwa Calumet. Maji ya bomba na gesi ndani kwa mfanyakazi, miaka ile! Hapo tumpe haki yake.

Halafu cheo cha mtu unakijua kwa nyumba yake, wakubwa karibu na kiwanda nyumba pana zenye varanda, mafundi wana zao, vibarua wamebanana kwenye majengo ya mbali. Kama pale kwenye kota zetu za reli Tabora tu, wenye madaraja kota zao zina miembe na sisi tunatazama.

Ila hakuna aliyeruhusiwa kununua. Kila kitu cha kampuni, hata kanisa lilikuwa la kupangisha, lile la mawe ya kijani lilikaa tupu kwanza maana kodi waumini hawakuiweza. Sasa 1893 uchumi ukaanguka, Pullman akakata mishahara kama robo hivi, kodi akaiacha pale pale. Baba hebu fikiria, bosi ndo huyo huyo mwenye nyumba, utamlilia nani? Mei 1894 wakagoma, wafanyakazi wa reli sehemu nyingi za nchi wakawaunga mkono wakakataa kugusa treni yenye behewa la Pullman, rais Cleveland akaleta jeshi, watu wakauawa, mgomo ukavunjwa. Pullman alifariki 1897, wakamzika usiku, juu ya jeneza wakamwaga zege na kulaza vyuma vya reli kwa kuogopa wafanyakazi watamfukua. Vyuma vya reli baba! Mwaka uliofuata mahakama ya juu ya jimbo ikaamuru kampuni iuze nyumba zote zisizo za kiwanda.

Kinachoniuma mimi ni wale weusi wenzetu, wahudumu wa mabehewa. Kampuni iliwaajiri kwa maelfu, wanatandika vitanda, wanang'arisha viatu usiku kucha, abiria wanawaita wote "George" jina la bosi kana kwamba hawakupewa majina na mama zao, na kota hizi hazikuwa zao. Chama chao cha wafanyakazi wakakianzisha 1925 na A. Philip Randolph, mweusi mwenzao aliyekuwa mtetezi wa wafanyakazi, kampuni ikaja kusaini mkataba 1937. Hebu hesabu hapo, miaka 12 wanasukumana. Wana makumbusho yao hapa hapa upande wa kaskazini, nilipeleka watoto, nikasoma kila bango mpaka wakaanza kunivuta koti.

Na mtaa wenyewe nusura upotee, 1960 walitaka kubomoa kuanzia barabara ya 111 mpaka ya 115 wapate eneo la viwanda, wakazi wakaungana wakagoma. Sio matajiri, ni watu wa kawaida wenye vikao vyao. 1998 mtu akachoma kiwanda, mnara wa saa ukaanguka, ukajengwa tena. 2015 Rais Obama akaja mwenyewe kuutangaza mtaa huu kuwa eneo la kumbukumbu la taifa.

Nyumba yetu ni nyembamba, ngazi imesimama wima mpaka mama angeogopa kupanda, na ukitaka kubadilisha chochote cha mbele, hata dirisha, lazima kibali. Majirani wengine wanalalamika, mimi nawaunga mkono waliotunga sheria, bila hiyo kila mtu angeweka lake.

Sasa baba nina ombi. Naomba uende na dogo kwenye ile kota yetu ya zamani kabla haijabadilishwa zaidi, apige picha nje na ndani kama wanaokaa watakubali, na uwe unamtajia nani alikaa nyumba ipi na alikuwa na kazi gani, dereva, fundi, mpiga bendera, wote, yeye arekodi kwenye simu. Bando nitamtumia Ijumaa. Asikate sauti yako hata kama unasimama kukumbuka.

Mama dawa zako nimempa pesa kaka. Wasalimieni wote.