Liszka kutoka chumba cha chini

Tanga, Jumapili usiku

Shoga yangu Rehema,

Salaam nyingi. Huku wazima, ila macho yangu mekundu. Juzi kwenye simu ulinicheka eti naangalia sinema za marehemu watupu. Leo nakujibu kwa barua ili usinikatize.

Mwigizaji aliyeniliza anaitwa Lili Berky, amezaliwa Győr, Hungaria, mwaka 1886. Alikuwa mtu wa jukwaani. Kule Kolozsvár, mji ambao siku hizi ni Cluj-Napoca ya Romania, mkuu wa tamthilia Jenő Janovics alipoingia kwenye filamu hakuhangaika kusaka sura mpya, alizoa wale wale wa jukwaani. Ndipo Lili akaonekana kwenye filamu bubu A tolonc, iliyopigwa 1914, hiyo iliyoniliza. Mwongozaji ni kijana Mihály Kertész. Unamjua, basi tu hujui kama unamjua: ndiye aliyekwenda Marekani akawa Michael Curtiz, yule wa sinema ya Casablanca.

Lili ni Liszka, msichana wa kijijini. Mtu anayekata roho anamwambia kuwa mama yake hakufa, yuko gerezani kwa kumuua mumewe. Basi anakwenda mjini kuwa hausigeli, anapendana na kijana wa nyumba ile, anasingiziwa wizi, anarudishwa kwao kwa amri ya wakubwa. Mtu wa kurudishwa hivyo ndiye tolonc.

Sasa sikia. Mama anachezwa na Mari Jászai, malkia wa jukwaa la Hungaria, wakati huo ana miaka 64. Anacheza kwa mikono na mabega, kama anayetaka aonwe na aliyekaa kiti cha mwisho kabisa. Lili, dakika zake nzuri, anatulia. Anainamisha uso kidogo tu, na wewe unajua kaumia wapi. Ana miaka 28 na nikamwamini kuwa ni binti. Yule mkongwe namheshimu, lakini kamera ilimpenda huyu.

Na tungeikosa! Filamu bubu za Hungaria nyingi mno zimepotea. Hii iliokotwa New York, kwenye chumba cha chini cha jumba la Wahungaria, ikatengenezwa upya. Fikiria, kazi ya mtu imelala gizani huko, mwenyewe keshazikwa tangu 1958.

Usidhani sauti ilipokuja ilimmaliza. Aliendelea, jukwaani na kwenye sinema za kuzungumza, akawa mama, akawa shangazi. Mumewe, Gyula Gózon, naye mwigizaji, alikuwa Myahudi, na sheria za ubaguzi zilimfungia jukwaa. Hapo nilisimamisha kusoma, nikaenda kuchemsha chai.

Flashi yenye filamu hiyo nampa mdogo wangu, anakuja huko Ijumaa. Tafadhali usiitazame huku unakaanga samaki. Ukimaliza nipigie, na ukitaka kucheka, anza na mikono ya Jászai.

Wako,
Mwanaidi