Video za maonyesho zisikate mikono ya viziwi

Mhariri,

Maonyesho yakifanyika hapa Lamu, mkalimani wa lugha ya ishara husimamishwa pembeni mwa jukwaa. Video ikifika simuni, unaona bega lake tu. Sisi tunaopiga na kuhariri picha tunajua chanzo: kamera huifuata sauti, na asemaye kwa mikono hana spika.

Hata wenye mitambo mikubwa hukosea. Februari 2020, mjini Miami, Christine Sun Kim, msanii kiziwi kutoka Marekani anayeishi Berlin, alitoa wimbo wa taifa kwa ishara kabla ya Super Bowl, fainali ya futiboli ya Marekani. Runinga ilimwonyesha sekunde chache, ikawageukia wachezaji. Wapiga picha wetu waitazame kazi yake ya "Face Opera", ambamo viziwi wanaimba kwa uso peke yake, mikono haitumiki. Nyusi, macho na mdomo ni sarufi. Uso ukiwa gizani, nusu ya sentensi imepotea.

Kwa hiyo taa ielekezwe usoni kutoka mbele, si juu ya kichwa. Fremu ianzie chini ya kiuno na kuacha shubiri moja juu ya kichwa, na nafasi ya viwiko pande zote mbili. Kamera ya mkalimani iwe kwenye stendi na isiguswe hadi mwisho. (Punda akipita mbele, hilo hatuna dawa yake.) Mavazi yatofautiane na rangi ya mikono: kanzu nyeupe chini ya taa kali hung'aa kupita kiasi kwenye picha, na ukuta wa matumbawe usiopakwa chokaa una madoa mengi yanayoficha vidole. Kitambaa cha buluu kisicho na maua, kikitundikwa nyuma yake, kinatosha.

Kosa kubwa zaidi ni kasi. Kamera ikinasa fremu (picha moja moja) 25 kwa sekunde, herufi zinazoandikwa kwa vidole huwa ukungu. Weka 50, na shata, yaani muda wa kila picha kupokea mwanga, iwe 1/100 ya sekunde, kwani umeme wetu ni wa hezi 50 na shata isiyoafikiana nao huleta mawimbi ya mwanga. Ukiituma kwa WhatsApp, itume kama faili. Ikibanwa, vidole hugeuka vipande vya mraba.

Maandishi ya chini yasizidi mistari miwili, kila mmoja herufi 40, wala yasiifunike mikono. Na "[muziki]" si maelezo. Kim aliwapa marafiki zake viziwi vipande vya filamu wavitilie maelezo ya sauti kwa maneno yao; nasi tunaweza kuandika "[matari yaongeza kasi, zumari yanyamaza]".

Anayeonyesha video ukutani au kwenye shuka, nje, ajue kwamba projekta ya kawaida hutaka umbali wa karibu mara moja na nusu ya upana wa picha. Picha ya mita 3 yahitaji mita 4 na nusu, na vichochoro vya mtaa wa Mkomani havina nafasi hiyo. Uwanja wa Mkunguni, mbele ya Ngome, unatosha, baada ya sala ya isha. Upepo wa kusi hutunisha shuka na kupinda vidole, hivyo ukuta uliopakwa chokaa ni bora.

Ibara ya 7 ya Katiba ya 2010 inaitaka serikali kukuza Lugha ya Ishara ya Kenya. Waandaaji watenge kamera moja ya mkalimani kwenye bajeti, kabla hawajakodi spika.

Wapiga picha za video,
Langoni, Lamu