Ni yule Delila wetu wa parokiani

Shosti wangu, mbukwa!

Za Dar na joto lake? Huku Dodoma ni upepo na vumbi tu, midomo imetupasuka kama udongo wa Bahi. Mama hajambo ila mguu, bibi bado anaulizia kanga yake, usijifanye umesahau. Najua nimekaa kimya miezi minne, simu ilitumbukia kwenye ndoo ikaondoka na namba zote, usininunie.

Sasa sikia, ni mdogo wangu. Kuna wakala huko kwenu kamwambia atampeleka nje akacheze filamu, alipe milioni 3.5 kwanza, eti za makaratasi na picha. Na mama, mama yangu mimi, anataka kuuza kipande cha shamba la zabibu kule Hombolo!

Nikimkataza ananitajia Hedy Lamarr. Unamjua we. Si unakumbuka ile Samsoni na Delila tuliyoonyeshwa ukumbi wa parokia, jenereta inazima kila saa, ukamzomea Delila mpaka katekista akakutoa nje? Ndo huyo, aliyemwigiza Delila. Ile filamu ni ya 1949, kumbe mwenyewe mtoto wa Vienna huko Austria, jina la nyumbani Hedwig Kiesler, kaolewa na tajiri wa kutengeneza silaha, mume hataki acheze filamu tena, 1937 dada akatoroka. Akafika London akakutana na Louis B. Mayer, bosi wa kampuni ya filamu ya MGM, akaambiwa atalipwa dola 125 kwa wiki, akakataa. Na Kiingereza chenyewe cha kubabaisha! Alafu akapanda meli ileile aliyopanda mzee, Normandie, wanafika Marekani ana mkataba wa dola 500 kwa wiki na jina jipya. 1938 akacheza Algiers, ikamtoa.

Mdogo wangu anaishia hapo hapo, "dada si unaona, alijilipua." Nikamwambia rudia kusoma mama, huyo mzee ndo alikuwa anatoa hela! Hakumwambia Hedy kauze shamba la mama yako. Tena alishacheza filamu kwao kabla ya kuondoka, watu wanamjua, ndo maana alikuwa na ubavu wa kukataa. Huyu wetu mkataba hajauona hata kwa picha, nchi yenyewe anayopelekwa leo Uturuki kesho Dubai.

Na hata huyo Hedy pamoja na yote, yani hili ndo linaniuma, walimtaka asimame apendeze basi. Kumbe usiku yuko nyumbani anavumbua vitu. 1942 yeye na mtunzi wa muziki, George Antheil, wakapewa hataza, yani hati ya kulinda uvumbuzi wao, ya redio ya kuongozea torpido, kombora la chini ya maji, mawimbi yanarukaruka kwenye masafa 88 kama vitufe vya piano ili adui asiweze kuyavuruga. Jeshi la majini likaiweka kabatini. Hiyo bluetooth unayosikilizia taarabu kwenye daladala nayo inarukaruka masafa hivyo hivyo, na hataza ilimwishia muda dada wa watu hajaambulia hata senti. Sijui kwa nini nakwambia yote haya, nilianza kusoma saa nne usiku nikashtukia adhana.

Mi sikatai asisafiri jamani. Anajua kuigiza, juzi kamwigiza mjumbe anavyodai mchango, mama akaangusha chungu cha mlenda. Labda na wivu kidogo ninao, we unajua mimi mwenyewe nilitaka nini pale tulipomaliza form four, ila tuyaache.

Naomba unipitie hapo ofisini kwao, location nakutumia, jifanye na wewe unataka kwenda. Kuna kibao mlangoni au ni chumba cha kukodi? Leseni ya uwakala wa ajira wanayo, na jina lililoandikwa ni la nani? Kuna msichana yeyote aliyekwisha kwenda wakupe namba yake umpigie? Hela inalipwa benki au kwa simu ya mtu? Na wakikwambia lipa leo kesho nafasi zinajaa, utanipigia hapohapo? Unaweza kesho? Maana mama keshaita mnunuzi, anakuja Alhamisi.

Shangazi anapanda SGR Jumatano, nimemfungia zabibu zako. Za mwisho mwisho, ila tamu.

Wako wa Ipagala