Sisimizi anayerudi kwenye mti kinyumenyume

Mwanangu mpendwa,

Uliniuliza kama sisimizi akianguka kutoka juu ya mti mrefu anaumia. Haumii. Mwili wake ni mwepesi mno. Hewa humpunguza mwendo kabla hajafika chini.

Ila kuna aina moja, Cephalotes atratus, ambayo taabu yake si kishindo bali mahali inapoangukia. Ni sisimizi weusi wenye miiba mgongoni, wanaoishi juu kabisa ya miti katika misitu ya Amerika ya Kati na Kusini. Huko Amazoni sehemu za msitu hufunikwa na mafuriko kwa miezi, basi anayeanguka majini huwa chakula cha samaki. Hata pakiwa pakavu, kuna majani yaliyorundikana na wadudu wawindaji, na kiota kiko mbali sana juu.

Sasa sikiliza. Mwanasayansi Stephen Yanoviak alikuwa juu ya mti karibu na Iquitos, Peru, akiwapangusa sisimizi waliokuwa wakimsumbua. Akaona kwamba hawafiki chini: wanapinda njia hewani na kurudi kwenye shina lilelile. Mwaka 2005 yeye na wenzake, Robert Dudley na Michael Kaspari, walitangaza matokeo yao. Kati ya kila sisimizi 100 walioangushwa, takriban 85 walilipata shina, na wengine walikuwa wamekwisha kupanda hadi walipoanzia ndani ya dakika 10 hivi.

Wafanyakazi hawa hawana mbawa hata kidogo (malkia na madume ndio huota mbawa). Mwanzoni huanguka tu, kisha hujigeuza, tumbo likaelekea mtini na kichwa kikatazama nje, wakateleza hewani hivyo hivyo hadi kudaka gome kwa miguu ya nyuma. Mimi hapo ndipo ninaposhangaa zaidi: kutua kwa kutanguliza upande wa nyuma! Na macho yanahusika, kwani waliozibwa macho kwa rangi walilikosa shina mara nyingi zaidi. Shina jeupe huwavutia kuliko la giza.

Afrika nako, katika misitu ya Gabon, wako sisimizi wa jamii ya Cataulacus wenye ujuzi huohuo.

Nakujua, mwanangu, kwa hiyo nakuomba: usiwapandishe sisimizi wa ardhini juu ya paa kuwajaribu. Wengi wao hawajui kujielekeza, wataanguka tu, na wewe ndiye utakayevunjika mguu.

Akupendaye,
Mama