Barua ya wazi kwa Mkurugenzi wa Ofisi ya Kimataifa ya Vipimo na Mizani: sekunde mpya isiwe ya maabara tajiri tu

Mheshimiwa Mkurugenzi, shikamoo na salamu nyingi huko Sèvres, Ufaransa.

Nakuandikia kuhusu sekunde, na kuhusu jiwe moja ambalo watu wengi hawajawahi hata kulisikia. Mkutano mkuu wa vipimo wa 2022 uliagiza mapendekezo ya sekunde mpya, yaani maana mpya ya sekunde, yaletwe 2026 ili mambo yakienda vizuri uamuzi upitishwe 2030, kwa hiyo muda uliobaki sio mwingi na ndo maana nimeona nisikae kimya. Sipingi mabadiliko. Ombi langu ni kwamba siku mtakayoipa sekunde maana mpya, saa ya siziamu, metali ambayo atomu yake ndo inaipa sekunde maana tangu 1967, ibaki na hadhi yake na iandikwe kwenye azimio lenyewe, sio kwenye viambatisho vinavyosomwa na wataalamu peke yao.

Ngoja nieleze kwanini naling'ang'ania hili.

Watu wanapenda sana hadithi za madini ya ajabu yanayopinda muda, yaani unalishika mkononi na saa zinaanza kwenda mbio au zinasimama. Sasa madini yanayokaribia hayo yapo kweli, yanaitwa polusaiti, jiwe lisilo na rangi au jeupe ambalo ukilikuta chini unaweza kulipita tu ukidhani ni kwazi. Ni adimu, yamechimbwa sehemu chache sana duniani, zinazojulikana zaidi ni Bernic Lake kule Manitoba, Kanada, na Bikita, Zimbabwe. Ndani yake ndo kuna siziamu, metali yenye rangi inayoelekea dhahabu, inayoyeyuka kwenye nyuzi 28.5 tu, yaani siku ya joto inayeyuka yenyewe bila kuwekwa motoni, na ikigusa maji inalipuka hapohapo.

Na jiwe hili lilijificha. Mwaka 1846 mkemia Mjerumani Carl Plattner alipima polusaiti iliyotoka kisiwa cha Elba, akajumlisha vitu vyote alivyovipata na hesabu ikagoma, ilifika kama asilimia 93 hivi na zilizobaki hazionekani zimeenda wapi, na sampuli ya kurudia hana tena. Akaitangaza hesabu yake vilevile ilivyo, na mimi namheshimu sana kwa hilo maana wangapi wangezilazimisha namba zifike mia? Mwaka 1860 wanasayansi Wajerumani Bunsen na Kirchhoff wakaiona siziamu kwa mara ya kwanza kwenye maji ya chemchemi ya Dürkheim, kwa mistari miwili ya bluu kwenye spektra, yaani mwanga uliotawanywa kwa rangi zake, alafu 1864 mkemia Pisani akarudi kwenye jiwe la Elba akaonyesha kwamba kile Plattner alichokihesabu kama potasiamu na sodiamu kilikuwa siziamu, ambayo atomu yake ni nzito zaidi. Hesabu ikakaa sawa.

Mwaka 1955 wanafizikia Essen na Parry wakatengeneza saa ya siziamu ya kutegemewa pale maabara ya taifa ya vipimo ya Uingereza, na 1967 dunia ikakubaliana: sekunde moja ni mitetemo 9,192,631,770 ya mnururisho wa atomu ya siziamu 133, namba hiyo ikionyesha uzito wa atomu. Hapa kuna jambo ambalo mimi naliona kubwa kuliko yote. Siziamu yote ya asili ni hiyo 133, hakuna nyingine. Iwe imetoka Bikita, iwe imetoka Elba, iwe imekamuliwa kwenye maji ya chemchemi, atomu ni ileile na mtetemo ni uleule, kwa hiyo hakuna nchi inayoweza kusema sekunde yangu ni halisi zaidi ya yako. Haikuwa hivyo kwa kilo, ambayo hadi 2019 ilikuwa ni kipande cha metali kilichofungiwa hapohapo kwenu.

Na muda kweli unapinda, siziamu nayo ilituonyesha. Oktoba 1971 wanasayansi Wamarekani Hafele na Keating walipakia saa nne za siziamu kwenye ndege za abiria za kawaida wakaizunguka dunia, kwanza kuelekea mashariki alafu magharibi. Zile za mashariki zilirudi zimechelewa nanosekunde 59 (nanosekunde ni sehemu moja ya bilioni ya sekunde), za magharibi zimetangulia nanosekunde 273, karibu sawa na hesabu za Einstein zilivyotaka, yule aliyesema mwendo na mvutano wa dunia hubadilisha kasi ya muda. Leo saa za satelaiti za GPS zinapunguzwa kasi kabla ya kurushwa kwa sababu kama hiyohiyo, kwa mikrosekunde (sehemu za milioni za sekunde) 38 kwa siku, la sivyo ramani kwenye simu zetu zingepotea kwa kilomita nyingi ndani ya siku moja tu.

Najua saa mpya za mwanga, zinazohesabu mitetemo ya mwanga wa leza, zimeipita siziamu karibu mara mia kwa usahihi. Zile za atomu za strontiamu zilizowekwa kwenye mnara wa Tokyo Skytree, moja chini na nyingine mita 450 juu, zilionyesha kwamba ya juu inakimbia zaidi kwa nanosekunde 4 hivi kwa siku, na hiyo ni tofauti ya ghorofa tu! Mimi nashangilia kabisa. Ila nyingi kati ya saa hizo bado ni vyumba vilivyojaa leza na wataalamu wa kuzilinda usiku na mchana, na zile bora kabisa ziko kwenye maabara chache za nchi chache, wakati saa ya siziamu ni boksi unalolinunua, unalifunga kwenye raki na linafanya kazi miaka. Nchi zenye boksi hilo moja au mawili ni nyingi, na mitandao yao ya simu, benki na umeme inalitegemea.

Kwa hiyo naomba azimio liseme waziwazi kwamba nchi yenye saa ya siziamu iliyolinganishwa vizuri bado inatoa sekunde halali, na liseme gharama za kulinganisha zitabebwaje kwa wale wasio na uwezo, maana tukisubiri hilo lijadiliwe baadaye halitajadiliwa. Pia wataalamu wa nchi hizo wawemo kwenye kamati kabla ya uamuzi, sio waalikwe kupiga makofi 2030. Na maelezo yatolewe kwa lugha nyingi, Kiswahili kikiwemo, mtu wa kawaida ayasome na aelewe muda wake unapimwa na nini.

Nasubiri jibu, hata la mistari miwili.

Wako,
Mfuatiliaji wa mambo ya saa na vipimo